Ng'endo Mukii

Ng'endo Mukii ni mwongozaji wa filamu za vibonzo kutoka Nairobi, nchini Kenya. Anajulikana zaidi kwa filamu fupi ya Yellow Fever ya mwaka 2012, inayochanganya vibonzo na mahojiano ya watu halisi ili kuonyesha jinsi wanawake wa Kiafrika wanavyozoezwa tangu utotoni kuiona ngozi yao kuwa kasoro. Kazi zake nyingine ni pamoja na This Migrant Business (2015), Nairobi Berries (2017) na Enkai, ambayo ni moja ya filamu 10 za mkusanyo wa Kizazi Moto: Generation Fire uliotolewa mwaka 2023.

Jina lake la kwanza hutamkwa kwa ng' yenye ritifaa, kama katika neno ng'ombe. Kurasa nyingi za kigeni huidondosha ritifaa hiyo, na msomaji akadhani ni ng ya ngoma.

Kazi ya mwongozaji wa vibonzo

Kazi ya mwongozaji wa filamu za kawaida inafahamika: ndiye anayewaelekeza waigizaji na mpiga picha. Katika filamu ya vibonzo hakuna kinachotokea mbele ya kamera mpaka mtu akichore, akifinyange au akisogeze kwa mkono. Filamu huonyesha picha 24 katika kila sekunde. Kwa hesabu hiyo, filamu ya dakika 7 ina nafasi za picha zaidi ya 10,000. Wachoraji huupunguza mzigo huo kwa kuiacha picha moja ijaze nafasi mbili au tatu. Wajapani ndio waliosifika zaidi kwa njia hii, hasa baada ya Osamu Tezuka kuanza kurusha vibonzo vya Astro Boy kila wiki kwenye televisheni mwaka 1963. Kazi ya kila wiki isingewezekana kama kila nafasi ingechorwa upya. Basi mwongozaji wa vibonzo ni mtu wa kuamua: kipi kichorwe kwa ukamilifu, kipi kiachwe kimetulia, na wapi mtazamaji hatagundua.

Huko Japani kuna ngazi inayoeleweka ya kuifikia kazi hiyo. Kijana huanza kwa kuchora picha za katikati, yaani zile zinazounganisha mkao mmoja na mwingine. Baadaye huchora picha kuu, kisha hukabidhiwa sehemu moja ya mfululizo aiongoze, na mwishowe hupewa filamu nzima. Wengine huifuata ngazi hiyo kwa miaka 15 au zaidi ndani ya studio moja au mbili.

Katika Afrika Mashariki ngazi kama hiyo haipo, kwa kuwa studio zenyewe ni chache na nyingi ni changa. Anayetaka kuongoza huanza moja kwa moja kwa kuongoza: huandika, huchora, huhariri na mara nyingi hutafuta fedha yeye mwenyewe. Baadaye hupokea kazi za kuagizwa na mashirika ili apate riziki, na katikati ya kazi hizo hupenyeza filamu zake mwenyewe. Mukii amepita njia hiyo.

Elimu, na hali ya vibonzo Nairobi

Mukii alisomea filamu na vibonzo katika Rhode Island School of Design, chuo cha sanaa cha mji wa Providence nchini Marekani, na kupata shahada ya kwanza mwaka 2006. Baadaye alikwenda London, Uingereza, akasoma shahada ya uzamili ya vibonzo katika Royal College of Art na kuimaliza mwaka 2012. Yellow Fever ndiyo iliyokuwa kazi yake ya kumalizia masomo huko London.

Katika miaka hiyohiyo Nairobi ilikuwa ikigeuka kuwa kituo cha vibonzo katika kanda hii. UNESCO ilikuwa na mpango wa kuwafundisha wachoraji wa Kiafrika katikati ya miaka ya 2000. Mwaka 2010 BBC ikaanza kuonyesha Tinga Tinga Tales, mfululizo wa watoto wenye sehemu 52 uliochorwa na vijana wa Nairobi kwa ajili ya kampuni ya Uingereza. Mtazamaji wa Dar es Salaam hahitaji kuelezwa asili ya mtindo wake. Wanyama wale wenye madoa na rangi kali walitokana na uchoraji wa Edward Saidi Tingatinga, mtu wa Tunduru aliyeanza kuchora jijini Dar es Salaam mwishoni mwa miaka ya 1960 kwa kutumia rangi za mafuta za baiskeli juu ya vipande vya mbao, na kufariki kwa risasi ya polisi mwaka 1972. Kwa hiyo mtindo ulitoka Dar es Salaam, mikono ikatoka Nairobi, na mwenye mali alikuwa London. Mfululizo huo uliwapa vijana wengi ujuzi na mshahara, lakini haukumpa yeyote kati yao nafasi ya kusema jambo lake mwenyewe.

Dar es Salaam kwenyewe vibonzo vilichukua mkondo wa elimu. Shirika la Ubongo, lililoanzishwa jijini humo mwaka 2013, lilianza kurusha Ubongo Kids kupitia TBC1 mwaka 2014, na watoto wakajifunza hesabu na sayansi kwa nyimbo za Kiswahili. Kazi hiyo ni muhimu na imewafikia wengi. Hata hivyo ni kazi ya timu, na jina la mwongozaji halisikiki. Mukii ni wa kundi jingine dogo, la waongozaji ambao filamu hubeba kumbukumbu zao na sauti zao.

Yellow Fever

Kwa Kiswahili jina la filamu hii ni "homa ya manjano". Msafiri yeyote aliyewahi kuulizwa kadi ya manjano uwanja wa ndege anaufahamu ugonjwa huo unaoenezwa na mbu. Lakini homa inayozungumzwa hapa ni nyingine: ni ile ya kuitafuta ngozi ya manjano kwa dawa. Huko Nigeria msemo huo ulishazoeleka zamani. Mwanamuziki Fela Kuti aliutumia kuwa jina la wimbo na albamu mwaka 1976, akiwakejeli wanaojichubua.

Filamu ina urefu wa takriban dakika 7. Msingi wake ni kumbukumbu ya utotoni ya mwongozaji mwenyewe, juu ya mwanamke wa saluni aliyejichubua. Uso ulikuwa umeng'aa, lakini vifundo vya vidole vilibaki vyeusi. Mtoto alipomtazama alihisi kuchukizwa. Alipokuwa mtu mzima aligundua kwamba kuchukizwa kule hakukuwa na haki, kwa sababu mwanamke yule alikuwa ametii tu yale ambayo kila tangazo, kila televisheni na kila jicho la mtaani lilikuwa likimwambia. Kosa ambalo filamu inalitafuta haliko kwa mwanamke yule peke yake.

Ndipo Mukii anapowaingiza watu wa nyumbani kwake. Mama yake anazungumza, na mpwa wake mdogo naye anazungumza. Mtoto huyo anasema waziwazi kwamba angeweza kutumia uchawi angejigeuza kuwa mweupe. Hasemi kwa huzuni. Anasema kama mtoto anayechagua rangi ya gauni. Hakuna mtu aliyemfundisha maneno hayo kwa makusudi, na hakuna mtu wa kulaumiwa chumbani mle. Hapo ndipo filamu inapouma zaidi kuliko mahali pengine popote.

Kwa upande wa ufundi, Mukii hakutumia njia moja. Zipo picha zilizochorwa kwa mkono, zipo za kompyuta, ipo video ya kawaida, na ipo njia inayoitwa piksilesheni. Katika piksilesheni mtu aliye hai hutumiwa kama mwanasesere. Hukaa mkao mmoja, hupigwa picha, husogea kidogo, hupigwa tena, na picha zikiunganishwa mwili wake unaonekana kutikisika kwa namna isiyo ya kawaida, kana kwamba hauna raha ndani ya ngozi yake. Maneno yangechukua muda mrefu kulieleza jambo hilo. Mwili unaoruka-ruka kwenye skrini hulieleza kwa sekunde chache. Mchanganyiko wa njia nao una maana yake: anayeambiwa kila siku kuwa anapaswa kufanana na mtu mwingine hujiona vipande-vipande, na filamu imetengenezwa kwa vipande.

Yellow Fever ilizunguka katika matamasha mengi ya filamu duniani na ilipata tuzo ya Silver Hugo katika Tamasha la Kimataifa la Filamu la Chicago. Imetumiwa pia katika vyuo kama mfano wa filamu ya vibonzo ambayo wakati huohuo ni filamu ya hali halisi. Wanafunzi huona ugumu hapa: itakuwaje mchoro uwe hali halisi? Jibu ni kwamba sauti ni za kweli, na mambo yanayosimuliwa yalitokea. Kinachochorwa ni kile ambacho kamera isingeweza kukinasa, yaani namna mambo hayo yanavyohisiwa kutoka ndani.

Mkorogo

Ili kuielewa filamu hii ni lazima kulielewa jambo lenyewe, ambalo Dar es Salaam huitwa mkorogo. Neno limetokana na kitenzi kukoroga, kwa kuwa mtumiaji au muuzaji huchanganya krimu, losheni na mafuta ya aina mbalimbali katika kopo moja, kila mmoja kwa kipimo chake. Vipodozi vya kujichubua vimeuzwa kwa miaka mingi katika maduka na meza za Kariakoo, vingine vikiwa na nembo za viwanda na vingine vikiwa vimepakiwa upya bila maelezo yoyote. Kutoka hapo husambaa mikoani. Watu wa jiji wana utani wao mkali juu ya jambo hili: uso Fanta, miguu Pepsi. Ni utani uleule wa vifundo vya vidole vya yule mwanamke wa saluni, na Mukii anauliza nani alimfikisha pale wanapomchekea.

Rangi ya ngozi hutokana na melanini, ambayo hutengenezwa na chembe maalumu za ngozi na kuikinga dhidi ya miale ya jua. Watu wenye ualbino, ambao miili yao hutengeneza melanini kidogo sana, hupata saratani ya ngozi kwa urahisi katika nchi za jua kali kama Tanzania. Anayejichubua anaiondoa kinga hiyo kwa hiari. Viambato vinavyotumika zaidi ni vitatu. Zebaki huzuia melanini isitengenezwe, lakini huingia mwilini na kuharibu figo na mishipa ya fahamu. Haidrokwinoni, ikitumiwa kwa muda mrefu, inaweza kuleta mabaka ya bluu nyeusi yasiyotoka, kwa hiyo aliyetafuta weupe anaishia na weusi wa aina nyingine. Steroidi huifanya ngozi kuwa nyembamba, hata kidonda kidogo kikachelewa kupona na mshono wa upasuaji ukawa wa wasiwasi.

Nchini Tanzania udhibiti wa vipodozi uliwekwa chini ya Mamlaka ya Chakula na Dawa kwa sheria ya mwaka 2003, na tangu mwaka 2019 uko chini ya Shirika la Viwango Tanzania. Bidhaa zenye viambato vilivyopigwa marufuku zimekamatwa na kuteketezwa mara nyingi, na zimerudi sokoni mara nyingi. Mkataba wa kimataifa wa Minamata, uliopitishwa nchini Japani mwaka 2013 na kupewa jina la mji ambao wakazi wake walisumishwa na zebaki ya kiwanda, unakataza vipodozi vyenye zebaki. Mwaka 2020 kampuni ya Unilever ilibadilisha jina la krimu yake ya Fair & Lovely, iliyouzwa kwa jina hilo tangu mwaka 1975, kuwa Glow & Lovely. Jina lilibadilika kwa sababu watu walilalamika kwamba lilikuwa likiuza weupe kama ndio uzuri. Malalamiko hayo ndiyo yaliyokuwa ndani ya filamu ya Mukii miaka minane kabla.

Kuihuisha picha iliyokaushwa

Mwaka 2015 Mukii alizungumza katika mkutano wa Design Indaba huko Cape Town, Afrika Kusini. Mada yake ilifananisha filamu za zamani juu ya Waafrika na kazi ya mkaushaji wa wanyama. Mkaushaji humchukua mnyama aliyekufa, huijaza ngozi yake na kumsimamisha katika jumba la makumbusho kana kwamba yu hai. Watazamaji humwona simba na kumbe wanachokiona ni ngozi na vitambaa.

Mfano huo ulikuwa umeshatumiwa na mtaalamu Fatimah Tobing Rony katika kitabu cha mwaka 1996, alipoichambua filamu ya Nanook of the North ya mwaka 1922. Mtengenezaji wa filamu hiyo, Robert Flaherty, aliwataka Wainuti wa kaskazini mwa Kanada wawinde kwa mikuki mbele ya kamera ilhali wakati huo walikuwa na bunduki. Alitaka kuonyesha watu wasiobadilika, na watu waliobadilika wakamharibia picha. Afrika Mashariki iliguswa na tabia hiyohiyo. Postikadi za wakati wa Wajerumani zilionyesha watu kama mifano ya kabila, bila majina. Na hadi leo Mmasai wa kwenye kadi za watalii husimama peke yake na mkuki machweoni, hana simu wala jirani.

Dawa anayoipendekeza Mukii ni vibonzo. Hoja yake inaonekana ya ajabu mwanzoni, maana mtu angedhani mchoro uko mbali na ukweli kuliko picha ya kamera. Lakini picha ya kamera hudai kuwa ndio ukweli wenyewe, na mtazamaji husahau kwamba kuna mtu aliyechagua pa kusimama na nini kiachwe nje. Mchoro haufichi kitu. Kila mtu anaona kwamba umetoka mkononi mwa mtu fulani mwenye mtazamo wake. Kwa hiyo aliyechorwa hageuzwi kuwa kitu cha kutazamwa. Anarudishiwa mambo ya ndani, yaani hofu, ndoto na kumbukumbu, ambayo kamera ya mkaushaji haikuyahitaji. Si lazima kukubaliana na hoja hii yote. Vibonzo vya zamani vya Marekani viliwachora watu weusi kwa dharau kubwa kuliko kamera yoyote, na kalamu ile ile inaweza kutumiwa kwa kazi zote mbili. Hata hivyo hoja inaeleza vizuri kwa nini Yellow Fever ilitengenezwa jinsi ilivyotengenezwa.

Kazi za kuagizwa na uhalisia pepe

This Migrant Business ya mwaka 2015 inahusu biashara ya kusafirisha watu kutoka Pembe ya Afrika. Ni kazi iliyotokana na utafiti juu ya uhamaji, na hapa vibonzo vina manufaa ya moja kwa moja: mhamiaji anaweza kusimulia yaliyompata bila uso wake kuonekana, na safari ambayo hakuna kamera iliyokuwepo inaweza kuonekana. Njia mojawapo ya biashara hiyo hupita Kenya na Tanzania kuelekea Afrika Kusini. Watanzania hawajasahau mwezi Juni 2012, wakati Waethiopia zaidi ya 40 walipokutwa wamekufa mkoani Dodoma baada ya kukosa hewa ndani ya lori. Katika habari za magazeti watu hao walikuwa idadi. Filamu ya aina hii hujaribu kuwarudisha kwenye hesabu ya mmojammoja.

Nairobi Berries ni kitu tofauti kabisa. Ni filamu ya uhalisia pepe, yaani mtazamaji huvaa miwani maalumu na kujikuta katikati ya mandhari. Akigeuza kichwa, anaona upande mwingine. Ilitengenezwa chini ya mpango uliokusanya kazi nne kutoka miji ya Dakar, Accra na Nairobi. Inaionyesha Nairobi kama ndoto, yenye moshi, maji na watu wanaotafuta utamu katika jiji ambalo halitoi kwa wepesi. Anayetaka kisa chenye mwanzo na mwisho hatakipata. Kwa mwongozaji, uhalisia pepe una tatizo ambalo vibonzo vya kawaida havina: huwezi kumlazimisha mtazamaji aangalie unapotaka. Uamuzi wote wa fremu, ambao ndio roho ya kazi ya mwongozaji, unahamia shingoni mwa mtazamaji.

Enkai na Kizazi Moto

Mnamo Julai 2023 Disney+ ilitoa Kizazi Moto: Generation Fire, mkusanyo wa filamu fupi 10 juu ya Afrika ya siku zijazo, zilizoongozwa na waongozaji kutoka Afrika Kusini, Kenya, Misri, Nigeria, Uganda na Zimbabwe. Studio iliyosimamia kazi ilikuwa Triggerfish ya Cape Town, na mmoja wa wazalishaji wakuu alikuwa Peter Ramsey, Mmarekani aliyeshiriki kuongoza Spider-Man: Into the Spider-Verse. Kutoka Uganda alikuwemo Raymond Malinga na filamu yake ya Herderboy, juu ya wachungaji wa ng'ombe. Kutoka Kenya alikuwa Mukii na Enkai.

Jina la mkusanyo limewasumbua walimu wa Kiswahili. Ikiwa maana yake ni kizazi cha moto, kiunganishi kimeachwa. Ikiwa ni kama maji moto au chai moto, basi ni kizazi chenye joto, na hiyo si maana ya maneno ya Kiingereza yanayofuata. Pengine ni bora kulichukua kama jina tu.

Enkai, au Engai, ni jina la Mungu kwa Kimaasai. Katika masimulizi ya Wamaasai ana sura mbili, nyeusi ya mvua na heri, na nyekundu ya hasira na ukame. Makao yake ni Ol Doinyo Lengai, maana yake Mlima wa Mungu, volkano iliyo hai kaskazini mwa Tanzania karibu na Ziwa Natron. Mukii hakuyahamisha masimulizi hayo yalivyo. Alimfanya Enkai kuwa mtoto, mungu mdogo wa kike anayejifunza uwezo wa kuumba, mwenye mama ambaye nguvu zake zinamalizwa na yale wanadamu wanayoifanyia dunia. Mtoto anataka kumponya mama yake na anagundua kwamba kuumba nako kuna uchungu.

Anayezilinganisha Enkai na Yellow Fever ataona mambo mawili. La kwanza ni ukubwa wa kazi: ile ya 2012 ilitoka mezani kwa mwanafunzi mmoja na wasaidizi wachache, na hii ya 2023 ilipita katika mikono ya watu wengi, ikawa na ulaini wa rangi na mwendo ambao fedha za kampuni kubwa huleta. Wapo wanaoona kwamba ule ukali wa vipande-vipande umepungua, na si rahisi kuwapinga. La pili ni kwamba watu wa kisa hawakubadilika. Katika filamu zote mbili yupo msichana mdogo, yupo mama, na upo mwili unaodhuriwa na tamaa inayotoka nje yake. Tofauti ni kwamba mtoto wa kwanza alitaka uchawi ili ajigeuze mwenyewe, na wa pili anao uchawi na anautumia kwa ajili ya mama yake.

Ualimu na upatikanaji wa filamu zake

Mukii amekuwa pia mhadhiri wa vibonzo katika shule ya sanaa ya Chuo Kikuu cha Tufts, mjini Boston, Marekani. Waongozaji wengi wa filamu fupi huishi kwa kufundisha, kwa kuwa filamu fupi haziuzwi madukani na matamasha hayalipi kodi ya nyumba.

Yellow Fever imewekwa mtandaoni na inaweza kutazamwa bila malipo. Enkai ni habari nyingine. Mkusanyo wa Kizazi Moto ulipotolewa mwaka 2023, huduma ya Disney+ ilikuwa imefika Afrika Kusini na nchi za Afrika Kaskazini, lakini haikuwa imefunguliwa rasmi Tanzania, Kenya wala Uganda, nchi ambazo lugha ya jina lake inazungumzwa. Mtu wa Dar es Salaam aliyetaka filamu ya kigeni isiyopatikana kwa njia rasmi alijua pa kwenda siku nyingi: vibanda vya Kariakoo ambako filamu hujazwa kwenye flashi, vingi vyao vikiwa hatua chache tu kutoka kwenye maduka ya vipodozi.